Sufuria Iliyozaa Bado Inatembea Sokoni

Shikamooni wazee wangu, na nyie vijana mambo vipi. Asalaam aleikum, Bwana asifiwe, na kwa yeyote ambaye sijamtaja naomba anihesabu kwenye hizo salamu.

Nimeombwa niongee juu ya mbinu za biashara, nikawaambia waandaaji mapema kabisa kwamba mimi nitakuja na hadithi za bibi zetu, Abunuwasi, sungura, punda wa dobi, na maneno ya kwenye kanga. Kuna mmoja akaniuliza sasa hizo watu wazima watazifanyia nini. Nimekuja na jibu lake hapa mbele yenu, manake mi naamini kabisa kwamba hela nyingi sana zilizopotea mtaani kwetu zisingepotea kama hizi hadithi tungezisikiliza kwa sikio la mfanyabiashara, lakini sisi tulizisikiliza utotoni tukacheka, tukaenda kulala, tulivyokua tukazikabidhi kwa watoto na sisi tukaenda kulipia semina.

Tuanze na ile ya sufuria, najua wengi mnaijua. Abunuwasi alienda kwa jirani akaazima sufuria. Siku ya kurudisha akarudisha ile sufuria na ndani yake kasufuria kadogo, jirani akauliza hii nini tena, akaambiwa hongera bwana, sufuria yako ilikuwa na mimba, imejifungua salama. Jirani akapokea zote mbili akaingiza ndani. Baada ya siku kadhaa Abunuwasi akarudi kuazima tena, safari hii akapewa sufuria kubwa na akapewa kwa furaha, hata hakuulizwa anapika nini. Siku zikaenda. Jirani kuona kimya akafuata mali yake, akaambiwa pole sana ndugu yangu, sufuria yako imefariki. Wakafikishana mpaka kwa kadhi, jirani anafoka sufuria inakufaje, Abunuwasi akauliza swali moja tu, uliponyoosha mkono kupokea mtoto mbona hukuuliza sufuria inazaaje?

Sasa naomba tumwangalie huyo jirani vizuri, manake tulipokuwa wadogo macho yetu yote yalikuwa kwa Abunuwasi na ujanja wake. Yule jirani hakuwa mjinga. Alijua fika kwamba sufuria haizai, mtu mzima yule, ana nyumba, ana vyombo. Hakuamini, ila alifaidika, na faida ilimfanya anyamaze. Na kile kasufuria kadogo kilikuwa na thamani gani? Kidogo tu, ndio gharama ya Abunuwasi ya kununua ukimya wa jirani, ili akija kuomba kubwa apewe bila maswali.

Mwaka 2009 hapa Tanzania tulikuwa na DECI, ule mchezo wa kuweka hela ukiahidiwa kurudishiwa nyingi zaidi, wengi humu ndani mnaikumbuka, na wengine naona mnatazama chini. Lugha yake ilikuwa ya shambani na ya madhabahuni, unapanda mbegu, unasubiri, unavuna. Na watu kweli walivuna mwanzoni, hilo ndilo lililoua mtaa, manake mtu anakuonyesha hela mkononi anakwambia mwenzio nimevuna wiki hii wewe unasubiri nini, na anayekwambia ni mtu wa kanisani kwako, ni shemeji yako, ni mtu ambaye hajawahi kukuibia hata kijiko. Serikali ikaingilia ikasimamisha, kesi ikafika mahakama ya Kisutu, Dar es Salaam, na hela za watu ndio ikawa hadithi. Wenzetu Kenya walikuwa wameshapitia yao miaka ya 2006 na 2007, vikundi vilevile vya panda uvune kwa majina tofauti. Ndani ya vitu vyote hivyo hakukuwa na shamba wala kiwanda wala duka, hela ya anayeingia leo ndio ilikuwa inamlipa aliyeingia juzi, na siku waingiaji wakipungua sufuria inafariki, hakuna muujiza mwingine hapo.

Mimi siwacheki waliopoteza, naomba nieleweke. Kuna mama aliuza cherehani, kuna mzee aliweka kiinua mgongo chote, wale watu walikuwa wanatafuta ada ya watoto. Ninachosema ni kwamba swali la kuwaokoa lilikuwepo mdomoni mwao tangu wana miaka sita, sufuria inazaaje? Yaani faida hii inatoka wapi, nani ananunua nini, kwa bei gani, kinachobaki ni shilingi ngapi. Ukikuta mtu anakuahidi faida alafu ukimuuliza hilo swali anaanza kukwambia habari za imani, za kuthubutu, za watu waliochelewa wakajuta, huyo hana jibu. Muuza maandazi ukimuuliza anakujibu palepale, unga kilo bei hii, mafuta bei hii, kuni bei hii, nauza hivi, nabaki na hivi. Mwenye biashara ya kweli haogopi hilo swali, tena analipenda.

Lakini kuna hadithi nyingine ambayo kwangu mimi ni kali zaidi, na sijui kwa nini haisimuliwi sana siku hizi. Punda wa dobi. Simba aliumwa, hana nguvu ya kuwinda, akamtuma sungura amtafutie nyama. Sungura akamkuta punda wa dobi anakula majani, akamwambia nimekuja na habari njema, nimetumwa nije kukuposa. Punda akauliza na nani, akaambiwa na simba mwenyewe. Punda akafurahi, akafuatana naye mpaka kwa simba, simba akamrukia lakini kwa vile ni mgonjwa akamkosa, akamtia majeraha tu, punda akakimbia na damu zinamtoka. Sungura hakukata tamaa. Akakaa siku kadhaa akamfuata tena, punda akalalamika yule simba alitaka kuniua, sungura akamwambia hapana, hukumwelewa, yule alikuwa na hamu na wewe akataka kukukumbatia. Punda akasema aa, kumbe, haya twende. Safari ya pili hakurudi. Sungura akala moyo na masikio kisirisiri, simba alipouliza moyo uko wapi na masikio yako wapi sungura akajibu, huyu alikuwa punda hana moyo wala masikio, angekuwa navyo angekuja hapa mara ya pili?

Sasa hebu tuje saivi. Mtu ameweka hela kwenye apu ya kulaiki video, au ameingizwa kwenye grupu la WhatsApp la uwekezaji, siku za mwanzo analipwa vihela vidogo vidogo, kile kasufuria. Anaweka hela kubwa. Akitaka kutoa inagoma. Huyo ameshajeruhiwa tayari, ameshaliona jino la simba. Alafu anapigiwa simu na mtu mwenye sauti nzuri sana, anaambiwa mfumo ulikuwa na hitilafu, akaunti yako imefungwa kwa usalama wako mwenyewe, tuma ada ya kufungulia utoe hela zako zote na faida juu. Na anatuma! Sijui niwaambieje, hii ndio simba alitaka kukukumbatia, neno kwa neno, na bibi zetu walilisema hili kabla hakuna simu, kabla hakuna benki mtaani. Foreksi, yaani kununua na kuuza fedha za kigeni, ni biashara ya kweli, hisa ni biashara ya kweli, hilo sikatai, lakini ukiona mtu anakutaka utoe hela ili akurudishie hela yako, ondoka hapo, tena ondoka mbio, usibaki kubishana.

Nije kwenye kitu kinachonigusa zaidi, manake matapeli tunaweza tukawakwepa, ila hili lipo kwenye biashara halali kabisa, kwenye ofisi zenye vioo na kiyoyozi. Kutolipwa.

Kuna hadithi ya maskini aliyeahidiwa fedha na tajiri akiweza kukaa usiku kucha ndani ya maji ya baridi. Akakaa. Mama yake kwa huruma akawasha moto mbali kule, ng'ambo, ili mtoto aone kwamba hayuko peke yake. Asubuhi tajiri akasema sikulipi, wewe usiku kucha umeota moto wa mama yako. Wakaenda kuamuliwa, wakubwa wakamuunga mkono tajiri mwenzao. Abunuwasi hakugombana na mtu, akawaalika wote kwenye karamu. Wakaja, wakakaa, saa zinaenda chakula hakiji, njaa inauma, wakauliza jamani vipi, akawaambia kinapikwa, subira kidogo. Wakatoka nje kuangalia wakakuta sufuria imening'inizwa juu ya mti na moto uko chini mbaaali. Wakamwambia wewe una wazimu, moto ule utaivisha lini? Akawaambia, kama moto wa ng'ambo ulimpasha mtu ndani ya maji, huu utashindwaje kuivisha wali? Maskini akalipwa.

Moto wa mbali tunaujua wote. Umemletea bosi kastoma mkubwa, siku ya kamisheni unaambiwa yule angekuja tu kwa jina la kampuni. Umepika chakula cha semina watu mia wamekula wamemaliza, invoisi unaambiwa bajeti ilikuwa ya mradi na mradi umeisha. Umefanya kazi miezi mitatu ya majaribio bila mshahara, unaambiwa umepata uzoefu. Na ile nyingine ya wapiga picha, ma-MC, wachoraji, wapambaji, unaambiwa hatuna hela ila tutakutagi kwenye posti, utajulikana, utapata konekisheni. Hapo nawakumbusha yule tajiri aliyemshtaki maskini kwa kula mkate wake mwenyewe huku ananusa harufu ya nyama ya tajiri, Abunuwasi akalipa kwa kuchezesha sarafu mfukoni, akasema harufu inalipwa kwa mlio. Sasa wewe mpiga picha umetoa picha zenyewe, hukutoa harufu, kwa nini upokee mlio?

Kwa nini nasema hadithi zina kazi hapa wakati kuna sheria na mikataba? Kwa sababu mdogo akimdai mkubwa kwa ukali, mkubwa anasema huyu hana adabu, na ukimya nao haulipi. Zile hadithi zimejaa hiyo shida, mtu hana kitu, mbele yake sultani, akikosea neno moja ameisha, kwa iyo anamwonyesha sultani upuuzi wake kwa namna ambayo sultani mwenyewe anacheka kwanza, alafu anaona aibu, alafu analipa. Kuna kijana namfahamu anachapa tisheti, ofisi moja ilimzungusha miezi, kila akienda anaambiwa mhasibu hayupo. Siku moja akaenda na ustaarabu wote, akakaa na mhasibu, akamwambia mama yangu, naona wali wangu mmeuweka juu ya mti. Yule mama alicheka sana, kumbe hadithi anaijua, kasimuliwa na babu yake, na pale wakaanza kuongea kama watu, akamweleza ukweli nani hajasaini na aende kwa nani. Alipata nusu wiki ileile na nyingine baadaye. Lakini, na hapa naomba mnisikilize, alikuwa na LPO, yaani karatasi ya ofisi ya kuagiza mzigo, na alikuwa na karatasi ya kupokelewa mzigo yenye muhuri. Bila ile karatasi mhasibu angecheka na yeye angeondoka na kicheko chake. Hadithi inafungua mlango, karatasi ndio inaingia ndani.

Kuhusu karatasi nipite haraka, wazee walishasema mali bila daftari hupotea bila habari. Wengi tunadhani daftari ni la TRA, wale wa kodi. Daftari ni lako, na saivi simu yenyewe inakuandikia, kila muamala upo, lipa namba ina steitimenti yake, lakini ni wangapi hapa tumekaa hata jioni moja kuisoma, hela ya duka imetoka imeenda kwenye vocha, kwenye mchango wa harusi, kwenye mgonjwa, na mwisho wa mwezi tunasema biashara ngumu.

Sasa kanga. Kina mama mlioko hapa mnalijua jina la Mali ya Abdulla, zile kanga za Kaderdina Hajee Essak wa Mombasa, yule mfanyabiashara wa Mtaa wa Biashara. Hebu fikirieni akili ile. Vitambaa vilikuwa vingi, wauzaji walikuwa wengi, lakini kwenye kanga kukawekwa maneno, na yale maneno yakawa ndio sababu ya mama kununua hii akaacha ile, manake hii inasema anachotaka kumwambia jirani na hawezi kukisema kwa mdomo. Mteja hakununua nguo peke yake, alinunua na mdomo. Nyie mnaotafuta namna ya kuuza onlaini, mnaandika tangazo kila mtu anaandika hilohilo, bei nafuu, ubora wa hali ya juu, karibuni sana, kaeni mfikirie mteja wako anatamani kusema nini na hana pa kusemea.

Na kuna kanga moja naipenda kuliko semina zote, Usisafirie Nyota ya Mwenzio. Kenya mwaka 2013 kuingia 2014 kila mtu alifuga kware. Waliosema mayai yake ni dawa walikuwepo, yai likapanda bei ajabu, watu wakachukua mikopo wakajenga mabanda, wakajikuta kila nyumba ina kware na mnunuzi hayupo, manake mnunuzi wa mwanzo alikuwa ni mfugaji mpya anayetafuta mbegu. Huku kwetu tumefanya hivyohivyo kwa vitu vingi, jirani akifungua kibanda cha chipsi na mimi hapohapo pembeni, akiweka wakala wa pesa na mimi naweka, mtaa mmoja una mawakala sita wanaangaliana. Nyota ile ni ya mwenzio. Yeye labda ana mjomba anayemletea viazi kwa bei ya shambani, wewe unanunua sokoni, mtauzaje bei moja?

Mikopo sasa, na hapa nitakaa kidogo. Kukopa harusi kulipa matanga. Hii methali inaonekana kama kijembe tu lakini angalieni jinsi ilivyopima, siku ya kupokea ni ngoma na pilau, siku ya kurudisha watu wameinama. Hii mikopo tunayoita kausha damu, jina wamelitoa wakopaji wenyewe, kina mama wa vikundi, hakuna mtaalamu aliyewapa. Unapewa leo, kesho rejesho limeanza, biashara haijauza hata kitu kimoja. Na ile ya kwenye apu ni balaa lingine, inachukua namba zote za kwenye simu yako, ukichelewa inawatumia meseji mama mkwe, mchungaji, bosi wako, kwamba fulani ni mdaiwa sugu. Novemba 2024 Benki Kuu ya Tanzania ilitoa orodha ya apu na majukwaa 69 ya mikopo yanayofanya kazi bila leseni. Sitini na tisa! Kwa iyo kabla hujabonyeza kubali, angalia leseni, na jiulize swali moja la kimethali, ngoma nimeisikia, matanga nitayafanyia wapi? Yaani hela ya rejesho la kwanza inatoka kwenye mauzo gani, ya tarehe gani. Kama huna tarehe, usikope.

Upande wa kukopesha nao, wenye maduka mmetengeneza elimu yenu wenyewe ukutani, leo taslimu kesho mkopo. Mteja anasoma anacheka, anarudi kesho, bango linasema kesho. Hakuna mtu aliyegombana, hakuna aliyeambiwa huaminiki, na mali imebaki kwenye shelfu. Mimi hilo bango naliheshimu sana. Ila nadhani kuna mtu wa kumwandikia kwenye daftari, mama wa jirani anayekulipa kila tarehe moja miaka yote, huyo ukimwonyesha bango umempeleka kwa mshindani wako.

Na hili ndilo nataka mlibebe katika methali, kwamba zinapingana, na zimewekwa zipingane. Chema chajiuza kibaya chajitembeza, sawa, lakini biashara matangazo. Haraka haraka haina baraka, sawa, lakini chelewa chelewa utamkuta mwana si wako. Vijana wananiambia mzee hizi methali hazina msimamo. Jamani, biashara yenyewe ina msimamo? Ukiwa na nyanya tenga kumi saa kumi jioni na jua limewaka, uza, shusha bei, hapo hakuna haraka haina baraka. Ukiwa unasaini pango la miaka mitatu Kariakoo, na dalali anakwambia kuna mtu mwingine yuko njiani na hela, hapo sasa ndio pa kukaa chini ukasoma karatasi mpaka mwisho hata kama dalali analia. Wazee walikuachia zote mbili kwa sababu walijua hawatakuwepo siku yako ya kuamua. Anayekuja kwenye kikao na methali moja tu anataka kukumaliza, mjibu kwa ile nyingine, alafu mzungumze mambo yenyewe.

Kwa iyo ombi langu ni dogo. Kwenye vikundi vyenu, vikoba, vikao vya wafanyakazi Jumatatu asubuhi, mpeni mtu mmoja dakika tano asimulie hadithi moja aliyoisikia kwao, Mmakonde alete ya Kimakonde, Mchaga alete ya Uchagani, Mpemba alete ya Pemba, alafu mjiulize hapa kwenye duka letu sungura ni nani, punda ni nani. Nimeona ikifanyika, muuzaji wa mwezi wa kwanza kazini anamwambia mwenye duka kwamba bei tuliyoweka ni wali juu ya mti, na mwenye duka anasikia, kitu ambacho kwa maneno makavu kisingesemeka.

Nawashukuru kwa kunivumilia. Maswali yaanze na yule mama wa mgahawa pale safu ya pili, alinishika mlangoni nikiwa naingia akaniambia hakubaliani kabisa na mabango ya kukataza mkopo, kwamba yeye amejenga nyumba kwa kukopesha watu chakula. Mpeni maiki.